Mzee Aliyejua Mvua Imezuiwa na Nani

Mvua ilipochelewa kwetu, watu wa redioni walitafuta sababu huko baharini. Mzee wa Kanisa aliitafuta kwa majirani, na hakuwahi kurudi mikono mitupu. Sababu ilikuwa na nyumba yake, ilijulikana inakolala, na daima ilivaa gauni, au ilikuwa na kosa la kutolivaa.

Simtaji jina kwa kuwa hata enzi hizo hakuna aliyemwita kwa jina. Mkewe, Mama Yohana, naye alimwita Mzee wa Kanisa, mbele ya wageni na hata alipomwambia chakula kiko tayari. Nyumba yao na yetu zilitenganishwa na ua wa minyaa, kule ufukweni, ukishapita Buswelu ukateremka kuelekea ziwani mpaka barabara inapochoka. Mama yangu alikuwa mjane, akianika na kuuza dagaa, na mimi ndiye binti yake wa pekee. Sasa nashona nguo Mirongo, katikati ya jiji, lakini nimekua nikisikia kikohozi cha mzee yule kikimtangulia jogoo.

Mwaka ambao mahindi yalikauka yakiwa hayajavuka magoti, alisimama kanisani wakati wa matangazo akaeleza kwamba mvua imezuiwa na wasichana wanaovaa suruali. Kwetu aliyekuwa na suruali ni mmoja tu, mwalimu wa kujitolea aliyetoka Musoma. Binti wa watu akaacha kuivaa. Mvua haikuja. Mzee wa Kanisa akasema ni kwa sababu bado anayo sandukuni.

Msimu uliofuata mvua ilikuja na haikujua njia ya kuondoka. Viazi vilioza ardhini, choo cha shule kikadidimia, na sisi tukadhani safari hii atakosa la kusema. Akasimama wakati wa matangazo.

"Kina mama wa maombi," alisema, "mliomba kwa pupa. Mungu si mtu wa kupigiwa kelele. Mmeharibu hari ya hewa."

Alisema hivyo hivyo, hari, kwa ulimi wake wa Kisukuma, na kwa jinsi miaka ilivyokwenda ikizidi joto, mimi siku hizi naona hakukosea sana. Mama yangu ndiye aliyekuwa kiongozi wa maombi. Akainuka kwenye benchi la wanawake.

"Sasa Mzee, tuombe radhi au tuombe jua?"

"Msiombe chochote mpaka niwaambie."

Wakaacha kuomba. Hali ya hewa ikaendelea kufanya ilivyotaka.

Lakini lazima niseme na haya, maana picha ya mtu isiyo na upande wa pili ni ya kitambulisho. Mwaka huo huo mvua ilitukuta na dagaa wa mama wakiwa juu ya vichanja, katika wiki ambazo tangu zamani zilikuwa za jua kali. Mama alitoka mbio, mimi nyuma yake, na kabla hatujafika Mzee wa Kanisa alikuwa ameshapita kwenye tundu la ua, kola yake ikiwa imelowa, akizoa dagaa kwa mikono yote miwili na kuwajaza kwenye turubai. Aliwapeleka sebuleni kwake. Akawamwaga juu ya makochi, juu ya meza yenye kitambaa cha kufuma, chini ya picha ya harusi yake. Kwa wiki kadhaa alinuka dagaa kanisani, na watoto wa Shule ya Jumapili walikaa mbali naye. Hakulalamika hata mara moja. Ila wakati ule anabeba, huku mvua ikimpiga machoni, alikuwa akimweleza mama kwa upole kabisa kwamba haya yote yanampata kwa sababu mwanamke asiye na mume hapaswi kuanika vitu vingi namna hiyo.

"Mbingu huwa zinaona," alisema. "Shika hapo, mayu," akamwita kwa Kisukuma, kama mtu anavyomwita mama, "usije ukateleza."

Ndivyo alivyokuwa. Mkono wake ulikusaidia na mdomo wake ukakuhukumu, na vyote viwili vilifanya kazi kwa wakati mmoja bila kugombana.

Ndoo zetu, kwa mfano, alizitengeneza yeye. Ndoo ikipasuka ulimpelekea. Alipasha kisu moto, akayeyusha kipande cha ndala kuukuu juu ya ufa, akalainisha kwa kidole alichokwisha kukilowesha mate, na hakutaka chochote kutoka kwako zaidi ya kumsikiliza. Alizijua ndoo za mtaa mzima, ipi ya nani na ilipasuka lini. Alizijua zikiwa tupu. Sidhani kama kabla ya miaka ninayokuja kuieleza aliwahi kuinua hata moja iliyojaa.

Na hakuna mtu aliyependa maji kama yeye. Alioga asubuhi na jioni, ya moto, na kati ya hapo aliosha miguu, kwa kuwa vumbi lilimletea, alivyosema, mawazo mabaya. Mashati yake yalikuwa meupe kiasi kwamba waliokaa mbele kanisani walifinya macho. Wakati wa ukame alisimama ndani ya moja ya mashati hayo akawataka kina mama wapunguze matumizi ya maji majumbani. Mama Yohana, aliyelichotea maji shati lile, akalifua, akalipiga pasi, alikuwa amekaa upande wa pili akiitikia kwa kichwa. Mwana wao wa kiume akiwa migodini Geita na mabinti wameshaolewa, hakukuwa na mwingine wa kuteremka ziwani. Aliteremka yeye, alfajiri na tena kabla ya chakula cha mchana, na alipokuwa akipanda kile kilima cha mawe na ndoo kichwani ungesikia magoti yake.

Siku moja walikuja wageni kutoka mjini, watu wa adabu, wenye vitambulisho shingoni. Walitaka mwanamke mmoja wa mtaa wetu ahudhurie semina hotelini, ya mambo ya jinsia na tabianchi, akawaeleze jinsi wanawake wa ufukweni wanavyoishi siku hizi ambazo majira yamevurugika. Wanawake wakamchagua mama yangu. Mwenyekiti wa mtaa akalitafakari jambo hilo. Semina ilikuwa ya siku mbili. Dagaa wangegeuzwa na nani, maji yangeletwa na nani? Mwanamke mwenye shughuli nyingi kiasi hicho, akasema, kumtoa nyumbani ni kumwonea. Kwa hiyo kwa niaba ya wanawake akaenda Mzee wa Kanisa.

Alirudi na kofia, begi la kitambaa na fulana iliyoandikwa mgongoni MWANAMKE ANA SAUTI. Fulana hiyo aliivaa kila Jumamosi mpaka ikachakaa. Jioni aliyorudi tulikusanyika uani kwake kupata taarifa.

"Neno lenyewe linajieleza," alianza. "Tabianchi. Tabia. Nchi. Wataalamu wamegundua kwamba tabia zimebadilika. Sasa tujiulize, ni tabia za nani? Mimi tangu nimebatizwa tabia yangu ni ile ile. Na jinsia, wameeleza vizuri sana, ni mambo ya wanawake. Ukiyaunganisha unapata jibu. Nilipewa nafasi ya kuchangia, nikalisema wazi. Wakapiga makofi."

"Walipiga makofi kwa ulichosema," mama aliuliza, "au kwa sababu umemaliza?"

Mama Yohana akaingia ndani haraka kutazama kitu jikoni. Tulisikia jinsi kitu hicho kilivyomchekesha.

Kutoka semina ile alileta pia habari ya miti. Aliambiwa miti ikikatwa mvua hupungua, akaishika habari hiyo kwa nguvu zote. Akawa anasimama njiani na kuwahesabia makosa wanawake waliobeba kuni. Tanuri lake la mkaa lilikuwa nyuma ya mlima, likifuka moshi kimyakimya. Mama alipomwuliza, alijibu bila kupepesa kwamba mkaa ni biashara, kuni ni uharibifu.

*

Kisha ziwa likapanda.

Hatukuamini mwanzoni, maana tulishazoea kulalamika kwamba linapungua. Lilipanda taratibu, bila kelele. Likachukua mchanga walipoegesha mitumbwi, likachukua vichanja vya mama, likaingia kwenye vyoo vya nyumba za chini na kutoka navyo. Yale mawe bapa ambako wanawake walifulia na kuchota maji tangu bibi zetu, yakazama. Maji ya karibu hayakufaa tena hata kwa kuoshea miguu. Ikabidi wanawake wazunguke hadi kwenye ghuba ya matete, mbali, mahali ambapo maji yalikuwa safi na mamba walikuwa wamelitambua hilo kabla yetu.

Wavuvi nao walipata hasara, sisemi hawakupata. Ila wao walihamishia mitumbwi upande mwingine na kikao kikafanyika siku hiyo hiyo. Maji ya nyumbani hayakuwa na kikao.

Kabula, binti wa nyumba ya tatu kutoka kwetu, alikuwa darasa la sita. Alikuwa ameinama kati ya matete akijaza ndoo kabla ya kwenda shule. Wanawake waliokuwa naye walimpiga yule mamba kwa ndoo, kwa mawe, kwa ngumi. Mama yangu alimrukia mgongoni. Kabula alipona. Mkono wake wa kulia ulibaki ziwani, kuanzia kwenye kiwiko.

Mzee wa Kanisa alikuwa wa kwanza kufika nyumbani kwao na maziwa na sukari. Aliomba sala ndefu, akalia, na machozi yalikuwa ya kweli. Jumapili alisimama. Akasema mamba huvutwa na vicheko vya wasichana wanapokuwa majini.

Mama aliinuka akatoka nje, na wanawake wengine wakatoka nyuma yake mmoja mmoja, mpaka kwaya ikabaki na besi tupu.

Walikwenda moja kwa moja nyumbani kwa mwenyekiti wa mtaa. Walieleza kwamba wanataka bomba, kwamba bomba la mjini limefika Buswelu na haliko mbali, kwamba hawatasubiri mtoto mwingine. Mwenyekiti aliwasikiliza akiwa amekunja mikono.

"Tumewasikia, kina mama," alisema. "Kwa sasa nendeni kwa makundi. Na msicheke."

Walirudi tena. Walikwenda wilayani, wakaandikishwa majina, wakasubiri, wakakuta ofisa amehama. Kote waliambiwa wamesikika. Mwishowe walikata miti wenyewe, wakaingia majini wakiwa wamefungana kamba kiunoni, wakachomeka uzio kwenye ghuba ili angalau mtu mmoja baada ya mwingine achote bila kushikwa. Mzee wa Kanisa alikutana nao wakiwa wamebeba ile miti. Aliwakumbusha habari ya mvua.

*

Uzio ulizuia mamba, haukuzuia mawe. Asubuhi moja ya ukungu Mama Yohana alisikia kitu kikitumbukia karibu na miguu yake. Labda alikuwa kambale tu. Alikimbia, akaanguka juu ya mwamba, nyonga ikavunjika. Walimpandisha kilima kwa kitanda cha kamba. Hospitalini walimfunga vyuma, na alipotoka alitoka na magongo na amri ya daktari ya kutobeba tena kitu kizito.

Jumapili ya kwanza baada ya hapo kanisa lilijaa kuliko Krismasi. Kila mtu alitaka kusikia ni mwanamke gani safari hii. Mzee wa Kanisa alisimama. Alisoma matangazo ya kwaya, ya ujenzi, ya ndoa. Akakunja karatasi. Alitutazama kama mtu aliyesahau alichokuja kuchukua chumbani, kisha akakaa.

Kwa majuma kadhaa majirani waliwaletea maji. Mama alipeleka ndoo kila alipopata nafasi ya kupeleka. Lakini kiangazi kilikuwa kimekaza, na kila mwanamke alikuwa na nyumba yake. Tuliifuata habari ya uhaba wa maji nyumbani kwao kwa kutazama mashati ya Mzee. Meupe yakawa ya maziwa, ya maziwa yakawa ya ugali wa muhogo. Na Mama Yohana, ambaye jeraha lake lilihitaji kusafishwa kila siku, hakuwa mtu wa kuomba.

Ndipo alfajiri moja wanawake kwenye ghuba wakamwona Mzee wa Kanisa akiteremka na baiskeli na madumu. Walidhani amekuja kusali. Wakampisha, wakamwamkia, shikamoo Mzee, naye akaitikia marahaba, marahaba, akitembea moja kwa moja hadi mbele, kama alivyotembea maisha yake yote.

"Mzee," mama alisema, "foleni inaanzia kule."

Aligeuka kutazama kule. Ilikuwa mbali.

Baiskeli haikupanda yale mawe. Toroli lilipanda nusu na kurudi lenyewe. Mwisho alibeba begani, akabeba kwa mkono, na siku nilipokwenda nyumbani kusalimia nilimkuta akibeba kichwani, shingo imekakamaa, maji yakimtiririka masikioni. Nilimwamkia. Hakuweza kugeuza kichwa.

"Marahaba, binti. Mnajua," alisema, akitazama mbele, "mnajua kwamba maji ni mazito?"

Akawa na habari mpya kila siku, na kila habari aliitangaza kwenye foleni kwa mshangao wa mtu aliyetoka ng'ambo. Je, tunafahamu kwamba ukisimama kwenye tope muda mrefu vidole vinawasha? Kwamba ukirudi na maji jua linakuwa limeshapanda, na kazi zote za nyumbani bado zinakungoja? Kwamba mtu akiumwa nyumbani maji yanatumika maradufu? Alishangaa jinsi hakuna mtu aliyewahi kulizungumzia jambo hili.

"Ee," mama alisema. "Tuliwahi kusikiasikia."

Haukupita mwezi akagundua tatizo kubwa zaidi: foleni haikuwa na uongozi. Wanawake wale walikuwa na utaratibu wao tangu uzio ujengwe; wajawazito mbele, wenye wagonjwa mbele, anayegombana anarudi mwisho. Yeye mwenyewe aliwekwa mbele kwa ajili ya Mama Yohana bila kuomba, akadhani ni kwa heshima ya cheo chake. Akapendekeza kamati. Wanawake walitazamana. Jioni hiyo walikusanyika kwetu wakichambua dagaa, na mmoja akasema itakuwa aibu, mwanamume mmoja katikati ya wanawake wote hawa, ndiye awe mwenyekiti?

"Ndiye," mama alisema. "Sisi tumesikika mpaka tumechoka. Tumpeleke mtu watakayemsikiliza."

Wakamchagua kwa kauli moja. Mama akawa katibu, maana yake mtu wa kufanya kazi. Mzee wa Kanisa alitoa hotuba ya kukubali wakati ndoo zinajaa, na alisema hakutarajia.

Mkutano wa hadhara wa mtaa ulifanyika kwenye uwanja wa shule, na mtaalamu wa maji kutoka wilayani alikuwapo. Nilifunga kibanda changu Mirongo nikaenda. Mama alikuwa amemfundisha maneno ya kusema: ghuba, mamba, bomba la Buswelu, waliokwisha kuumia. Aliyakumbuka yote mpaka aliposimama.

"Ndugu mwenyekiti," alisema, "nimechubuka."

Akafungua kola. Akageuza shingo ili wote waone, na kweli palikuwa na alama nyekundu hapo, kubwa kiasi cha jani la mchicha. Akaeleza uzito wa ndoo. Akaeleza mawe, tope, mbu, jua, mtu mzima kuamka gizani. Hakuwahi kuhubiri vizuri namna ile. Wanaume waliinama mbele kwenye viti. Mzee mmoja alifuta macho kwa kofia. Yule mtaalamu aliacha kuchezea simu yake.

"Hali ni mbaya kiasi hiki!" mwenyekiti wa mtaa alisema, sauti ikimtetemeka. "Kwa nini hatukuambiwa?"

Kutoka nyuma, tulikokaa chini kwenye majani, mwanamke mmoja alicheka. Halafu mwingine. Halafu kicheko kikapita katikati yetu sote kama upepo unavyopita kwenye matete, hadi Mama Yohana kwenye kiti chake akawa anapiga gongo chini. Mzee wa Kanisa aligeuka kuona nani anamwaibisha. Kabula alikuwa amekaa mstari wa kwanza wa wanawake. Alikuwa ameshamaliza darasa la saba, amejifunza kuandika kwa mkono wa kushoto. Hakuwa anacheka. Mkono wa kulia wa sweta lake ulikuwa umefungwa fundo.

Mzee wa Kanisa alimtazama, mkono wake ukiwa bado kwenye kola. Kisha akafunga kifungo.

"Tuliambiwa," alisema.

"Unasemaje, Mzee?"

"Nasema tuliambiwa, mwenyekiti. Wewe ulikuwapo. Na mimi nilikuwapo."

Akakaa.

Bomba lilikuja. Lilichelewa, lilikauka siku nyingine na bado hukauka, lakini lilikuja hadi njia panda ya kanisa, na hakuna mtoto aliyeteremka tena ghubani kuchota maji. Siku ya kulifungua Mzee wa Kanisa alikuwa ndani ya shati jeupe, na kwenye saruji waliandika jina la cheo chake. Watu wanaliita Bomba la Mzee hadi leo. Katika hotuba alimshukuru Mungu, akaishukuru serikali, akajigusia kidogo na yeye mwenyewe, akawapongeza kina mama kwa uvumilivu. Nilimtazama mama. Alikuwa ameshatega ndoo.

Sitaki mtu adhani alibadilika sana. Mwaka juzi mvua ilipokatika mapema, aliinuka kanisani, na nasikia alianza vizuri kabisa kuelekea kwenye kosa la wasusi wa nywele. Kabula, ambaye sasa anaongoza kwaya, akaanzisha wimbo. Kwaya ikaitikia. Mzee alisimama kidogo akipiga makofi pamoja nao, akakaa.

*

Nilimwona mara ya mwisho mwezi uliopita, na hakuwa kwake, alikuwa kwangu. Aliingia kibandani Mirongo mchana, amevaa kofia ya pama na koti licha ya joto, akasubiri wateja watoke. Nilimwamkia, nikampa stuli, nikamwuliza habari za Mama Yohana. Alisema anaendelea, magoti sasa nayo yamekataa, ila kauli bado anayo, na maji ya kuoga anayapenda ya moto sana. Bombani hadi mlangoni kwao ni mwendo wa kutosha kwa mtu wa umri wake.

"Unashona ngata?" aliuliza ghafla.

Nilimwambia ndiyo, nashona ngata, wanawake wengi siku hizi hawataki kuviringisha kanga chini ya ndoo, wanataka kitu kilichojazwa sufi na kushonwa vizuri.

"Ya nani, Mzee? Nijue ukubwa."

Alitazama mlangoni. Akaangalia tena.

"Ya mtu mwenye kipara. Ndoo inateleza."

Nikachukua futi ya kupimia. Alivua kofia, akafumba macho, nikampima kichwa kuzunguka. Ngozi ya utosini ilikuwa imekuwa ngumu, imeng'aa, kama ya mama yangu.

Kilichobaki kilikuwa kitambaa. Nilikuwa na vipande vya vitenge tu, vyekundu, vya manjano, na kimoja chenye maua makubwa ya buluu. Nikamwambia kesho ninaweza kutafuta kitambaa cha suti, cheusi, kisichosema kitu. Alikubali. Akasimama aondoke, akarudi. Akashika kile cha maua, akakisugua kati ya vidole.

"Hiki ni laini," alisema.

"Ni laini, Mzee. Lakini kina maua."

Nje mkokoteni ulipita na watu wakapiga kelele ya kupishana. Aliinama karibu na sikio langu, mtu aliyesimama maisha yake yote mbele ya watu akitangaza, akanong'ona.

"Weka nyeusi juu. Maua uyaweke kwa ndani, yanapogusa kichwa."